Mate ya Mama Mkwe Wangu

Niko na miaka thelathini na mbili, ni mke wa Mutua hapa Syokimau. Ndugu wasomaji, leo najianika mwenyewe. Mnitukane mkitaka... nimestahili!

Mimi si Mkamba kama mume wangu. Nimekulia Nairobi, na ugonjwa wangu ni filamu za kutisha akili, hasa zile za mama na mwanawe. Mnazijua. Mama mpole, anapika, anatabasamu, kumbe hataki kijana wake apendwe na mwanamke mwingine! Nilizitazama hadi nikaona kila mama wa kijana ni nyoka.

Nilipomzaa Kioko, mama mkwe alitoka kijijini kwao Ndithini kuja kunisaidia. Alimwosha mtoto, akanipikia uji wa wimbi. Lakini kila asubuhi Mutua akienda kazini, alifungua vifungo viwili vya shati, akainama, na mama akamtemea mate kifuani akinong'ona. Mwanaume mzima! Nikajiambia, haya sasa, ndiyo yale ya filamu.

Je, nilimwuliza mume wangu? Wapi! Nilijificha nyuma ya pazia, nikawarekodi kwa simu, nikaweka muziki wa kutisha, nikawatumia marafiki wacheke.

Video ikasambaa... ikafika hadi Ndithini. Kule hawakuona filamu. Waliona mchawi! Mama aliporudi kwake, wanawake wa kanisa wakahama benchi lake.

Mutua ndiye aliyenieleza, akilia, kwamba hiyo ni baraka ya Wakamba. Mzazi humtemea mwanawe mate kidogo ili njia yake iwe njema. Ee Mungu wangu! Tulikimbia Ndithini, nikapiga magoti, nikamwomba angalau ambariki mjukuu wake.

Mama alimtazama mtoto sana. Kisha akafunika mdomo na leso.

"Hapana, Mama Kioko. Watasema nimemroga."

Alifariki kabla ya mvua ya vuli, na Kioko hajabarikiwa. Walisema ni presha. Mimi najua ni mimi.

Dada zangu, usichokielewa nyumbani kwa mumeo, uliza! Usiulize filamu. Waliotunga zile hadithi hawamjui mama mkwe wako.

Mutua hajaniacha. Heri angeniacha! Kila asubuhi hufika mlangoni, hufungua vifungo viwili, husimama... halafu huvifunga tena na kwenda bila kunitazama. Hata sasa nikiandika, namsikia chumbani anavaa shati.