Nakala za Mama

Yaliyomfika rafiki yangu, fundi wa video, simwombei hata adui. Mkewe alifariki akamwachia binti mdogo na kanda moja tu: mama ameketi sebuleni peke yake, mbele ya kamera iliyowekwa mezani, anakunja nguo huku akiimba.

Kanda ikaanza kuoza. Mchana mmoja fundi alijifungia dukani na bintiye, akashusha pazia zito, akainakili kwenye kompyuta. Nakala ikatoka imejaa chenga, wimbo unakwaruza.

"Baba, mbona mama amesimama?"

Fundi akatazama. Mkewe, ambaye kwenye kanda hakuwahi kuinuka, alikuwa wima, amewapa mgongo. Akairudia kanda yenyewe. Ilikuwa tupu, inavuma tu kama upepo. Kilichobaki ni ile nakala, nayo ilikuwa inachakaa mbele ya macho yake, basi akainakili haraka ili amwokoe. Katika nakala mpya mkewe alikuwa amefika karibu na mlango. Akainakili nayo. Wimbo ukazidi kufifia.

"Mke wangu, usiniache mara ya pili," akasihi, machozi yanamtiririka.

"Acha, baba! Unamfukuza!"

Lakini mfa maji haachi kutapatapa. Akanakili tena.

Safari hii sebule ilikuwa tupu, mlango wazi, na nyuma yake giza. Wimbo haukuwepo. Ikasikika pumzi ya mtu, karibu kabisa na kinasa sauti cha kamera. Kisha picha ikaanza kuyumba taratibu, kama inavyoyumba mtu anapoibeba kamera, ikielekea mlangoni.