Kiota Kiwanjani kwa Anselmo

Yaliyompata jirani yetu Anselmo, hapa kisiwani Rota, hayakumpata gizani. Yalimpata mchana, jua la utosini. Asubuhi alikunywa kahawa, akala wali mwekundu wa jana, akanoa panga. Kiwanja alichomgawia bintiye Soledad, mjamzito wa miezi minane, serikali ilikuwa imekizuia mwaka wa pili huo, ati kunguru wa msituni, ndege adimu wanaolindwa, wanazaliana humo.

"Kunguru!" alifoka. "Mwanangu anapanga chumba, kunguru ana kwake!"

"Ukifika piga hodi kwa wazee," mkewe Tomasa alimsihi. "Waombe njia."

"Nipige hodi kwangu? Nina wazimu?"

Mtu mzima hovyo! Huku kwetu hata mtoto anayekwenda kuchuma ndimu huiomba kwanza mizimu ya wahenga inayokaa msituni. Anselmo hakuomba. Alifyeka njia hadi kwenye mti mkubwa wenye mizizi ya kuning'inia, akatwaa mwanzi, akakiangusha kiota. Mayai mawili yakapasuka. Kunguru jike hakulia, alimtazama tu.

Ndipo sauti ikatoka ndani ya mti. Sauti ya Anselmo mwenyewe.

"Nipige hodi kwangu?"

Alitimua mbio, panga akaliacha huko huko.

Nyumbani alimkuta Soledad ameshika tumbo. "Baba," alinong'ona, "tangu saa sita mtoto hachezi."

Bibi Engracia, mganga wetu wa mitishamba, alimpapasa binti, kisha akamgeukia Anselmo. "Umefanya nini, mpumbavu wewe? Rudi ukaombe radhi!"

Akarudi akisonya. Aombe radhi kwenye ardhi yake! Alifungua kinywa, likatoka tusi. Msitu ukanyamaza. Hakuna ndege. Hakuna upepo. Kitu kikahema kisogoni kwake. Akamkumbuka mjukuu, akapiga magoti.

"Nisameheni, wazee. Nimekosa. Ardhi ni yenu. Mwachieni mtoto."



Aliporejea, Tomasa alikuwa akicheka huku analia. Mtoto anapiga mateke! Soledad akapandisha blauzi ili baba aone. Kicheko kikakatika. Tumboni palikuwa na alama mbichi ya mkono, vidole vitano vya zambarau, vimebana kwelikweli.

Anselmo akaweka kiganja chake juu ya alama ile. Hakikuifunika hata nusu.