Shamari Katika Nyumba ya Wahamishaji

Kitendawili, wajukuu! Nina mgeni mpole. Nikimwacha kitandani pake, ananenepa. Nikimhamisha, anasusa na kurefuka kama mlingoti. Ni nani huyo?

Msinipe mji bado. Kuna familia ilizunguka na kitendawili hiki mpaka kichwa kikawauma.

Baba wa nyumba hiyo alikuwa Mchukuzi. Kazi yake ilikuwa kuhamisha vyombo vya watu kwa pikapu. Mkewe alifunga sahani na glasi kwa magazeti. Binti yao mkubwa alishika kamba. Mkono uliozoea kuhamisha hautulii. Hata kwao kitu hakikukaa mahali. Leo kabati liko sebuleni, kesho liko mlangoni.

"Mimi nalala nimeshika kitanda," alisema Bibi, mama yake Mchukuzi. "Nisije nikaamkia uani!"

Bibi alikuwa na kopo dogo lenye kifuniko. Ndani mlikuwa na mbegu za shamari. Marehemu mumewe alizivuna mwaka aliofariki. Bibi alitamani kuila tena ile shamari yake, yenye kitako cheupe kama kitunguu, majani laini kama nywele na harufu tamu.

Basi wakapanda. Jua lilikuwa kali sana wakati ule. Mbegu zikaota kwenye kopo la maziwa dirishani. Lakini mche mmoja tu ndio uliobaki, na asubuhi moja wakauona umerefuka ghafla. Juu una kiua cha manjano kinachonyauka.

"Mbona hivi?" Mchukuzi akauliza. "Kitako kiko wapi?"

"Labda kimejificha chini," mkewe akasema.

Wakafukua. Hakuna kitako. Kuna mzizi mmoja mrefu, tena umekatika ncha.

"Ajabu! Na maji nimemwagia mwenyewe leo."

"Hee! Hata mimi nimemwagia," mkewe akashangaa.

"Na mimi," binti akasema taratibu. "Kila siku, tangu nilipoutoa kwenye ndoo."

"Uliutoa kwenye ndoo? Mimi ndiye niliyeutia kwenye ndoo, kutoka kwenye kopo!"

"Nikaupeleka kwenye nyanya, baba, upate kivuli."

"Kumbe ni wewe! Nami nikautoa kwenye nyanya, nikauleta hapa uani upate jua," mama yake akasema.

Wakatazamana. Kila mmoja alitenda wema, na wema wote umeua mche.

Bibi akatikisa kopo lake. Lilitoa sauti ndogo. "Zilizobaki hazijai kiganja," akasema. "Zikiisha hizi, mkono wa mzee wangu umekwisha katika nyumba hii."

Hakuna aliyecheka.

Mchukuzi akaenda kwa jirani, Mama Miche, anayeuza miche ya mboga mbele ya nyumba yake.

"Dada, niuzie mche wa shamari."

"Mchicha ninao, nyanya ninazo, biringanya ninazo. Shamari siuzi."

"Muuza miche unakataa kuuza mche? Leo dunia imenigeukia!"

Mama Miche akacheka. "Nikikuuzia, utafika nyumbani mche umeshanuna. Shamari ina mzizi mrefu. Ukiugusa, inaogopa. Mmea ukihofia kufa huharakisha kutoa maua, hauna tena muda wa kunenepa. Jua kali na kiu pia huutisha. Hebu twende nikaone."

Alipofika uani akamwamkia Bibi, kisha akashika udongo.

"Subirini joto lipungue, hewa ianze kupoa. Chagueni mahali penye jua, maji yasipotuama. Lainisheni udongo vizuri, mchanganye na mbolea iliyooza. Pandeni mbegu hapo hapo shamari itakapokulia."

"Chini sana?" binti akauliza.

"Kina cha ukucha tu. Udongo uwe na unyevu, usiwe tope. Na mmoja wenu ndiye amwagilie, si wote! Isikae karibu na nyanya wala maharage, hawaelewani. Ikiota, punguzeni. Kati ya mche na mche pabaki shibiri moja na ziada."

"Hiyo ya kupunguza nitaihamishia wapi?" Mchukuzi akauliza.

"Kwenye sufuria, kaka yangu! Utaipika!"

Bibi akacheka mpaka akashika mbavu.

Walisubiri joto lipungue. Bibi akapanda kwa mkono wake, na binti akapewa kazi ya maji. Vitako vilipofikia ukubwa wa yai, wakavirundikia udongo viwe vyeupe na laini. Mchukuzi alipita pale kila asubuhi akiwa ameficha mikono nyuma, kama mtu anayepita karibu na sufuria ya nyama.

Vitako vikawa kama ngumi. Bibi akakata kimoja, akakinusa.

"Ndiyo yenyewe," akasema.

Walikula yote, isipokuwa mmea mmoja ulioachwa utoe maua na mbegu. Siku mbegu zilipokauka, Bibi alilifungua kopo la mzee, akalijaza. Alipolitikisa, halikulia tena. Lilikuwa limeshiba.

"Nikuwekee kabatini, mama?" Mchukuzi akauliza, mkono tayari umenyooshwa.

"Liache hapo hapo!" wakapiga kelele wote.

Haya, wajukuu. Mgeni wangu mmeshamjua. Kaeni na mji wenu.