Printa ya Marehemu

Rafiki yangu, fundi kompyuta mbishi kupindukia, aliitwa na katibu mpya wa ofisi moja amwekee ikoni ya printa kwenye skrini ya kompyuta yake. Chumba hakikuwa na dirisha. Akaiweka, akaibonyeza kujaribu huku printa yenyewe bado haijachomekwa kwenye umeme. Papo hapo umeme ukakatika.

Gizani printa ikaanza kuvuta karatasi: krrr, krrr. Ikakwama. Kiganja kikapiga mfuniko, pa! pa! Ikaendelea.

“Dada, acha kuipiga,” fundi akanong’ona.

“Si mimi, kaka. Marehemu, mwenye kiti hiki kabla yangu, ndiye aliyekuwa akiipiga hivyo.”

Kweli, katibu alikuwa amemng’ang’ania fundi kwa mikono yote miwili.

Umeme uliporudi, waya wa printa ulikuwa bado umeviringwa mezani. Karatasi iliyotoka ilikuwa ya moto.