Kichaka cha Kwenye Mawe ya Ziwa

Kila asubuhi Exaucée aliteremka soko la Kituku, kando ya ziwa, kununua sambaza, samaki wadogo kama dagaa, za kuuza. Siku hiyo alishika jembe dogo pia.

Mama yake, Nshobole, alikuwa amefariki miezi mitatu iliyopita. Kabla ya kukata roho alimwambia, "Mutoto wangu, usiniache chini ya mawe matupu." Na makaburi ya Goma mnayajua: mawe meusi ya volkano kila upande.

Mbali kidogo na soko, ufukweni, kulikuwa na aina ya kichaka kifupi kisichofika hata magotini. Kinatambaa juu ya mawe, na maua yake ni madogo, meupe. Marehemu alikipenda sana. Kwingine hakionekani. Exaucée alikwisha kung'oa viwili, akavipanda kaburini. Vyote vilikufa. Lo! Alilia kama aliyefiwa upya. Sasa vilibaki vitatu tu.

Akainua jembe.

"Exaucée! Acha kwanza!" Alikuwa Mama Bénédicte, jirani yake, mfanyakazi wa bustani ya miche.

"Mama Béné, uniache. Niliahidi."

"Najua. Vile vya kwanza ulivipanda namna gani?"

"Muzuri kabisa! Udongo wa rutuba toka Kibumba, gunia nzima. Samadi. Maji kila siku."

Mama Bénédicte akatikisa kichwa. "Pole, mutoto. Ulivishibisha mpaka vikafa. Hiki kimezoea njaa. Muzizi unaingia ndani ya ufa wa jiwe. Ukiking'oa, muzizi unakatika. Ukikipa samadi, kinaoza. Kwao ni hapa."

"Basi mama yangu alale vile vile?" Exaucée akaangua kilio.

Mama Bénédicte akaketi kando yake, akamwacha alie. Kisha akasema, "Kaburini tutapanda maua yenye kupenda udongo. Miche nitakupa. Hapa, chukua mbegu kidogo tu, zile zimekauka. Zingine uziache. Tutazitia mu nyufa mbele ya mvua kuanza. Na tuzungushie mawe, watu wasianike nguo juu yake."

Wakafanya hivyo. Masika ya kwanza hakuna kilichoota, na Exaucée alikata tamaa. Masika ya pili ikachipua miche minne. Mmoja ukafa, mitatu ikashika. Kaburini nako maua ya njano yakafunika mawe.

Siku ya kumbukumbu ya marehemu, Exaucée alimpeleka binti yake Ange kaburini, kisha ufukweni. Ange akanyoosha mkono achume ua jeupe. Mama yake akamshika polepole.

"Tunamupelekea tate?" mtoto akauliza, akimtaja bibi yake.

"Hapana. Tate yako hakuyachuma hata siku moja. Alikuwa anakuja kuyaangalia hapa."

Machozi yakamtoka. Ndipo na yeye mwenyewe alipoelewa: mama yake hakuomba kichaka hiki kihamishwe.