Picha Elfu Sitini Zisizo na Jina

SAA 4:10 ASUBUHI, IJUMAA

Chumba cha nyuma cha duka la achari, Bab al-Shaariyya, Kairo. Mapipa ya siki. Viti vitatu, watu watatu. Muallim Zanati, mkuu wa kundi, alikuwa akila zeituni na kutemea kokwa kwenye viatu vya Nagati, makusudi.

"Rudia."

"Saa sita walinzi wanatandika mikeka barabarani kwa swala," Nagati, mtunza hati wa maktaba, akasema. "Nabaki maktaba peke yangu. Nachomoa diski zote mbili, ya kazi na ya akiba. Picha elfu sitini za hati za wakfu. Karatasi zenyewe ziliungua zamani."

"Na hati anayoitaka tajiri wangu?"

"Imo humo."

Zanati akamgeukia Wagdi, dereva, aliyemwita osta, yaani fundi, kama madereva wote wa Kairo. "Shemeji yako anatetemeka, osta."

"Hataharibu, Muallim."

Wagdi alikuwa amemwapia mkewe, Safaa, kwamba mdogo wake Nagati atarudi nyumbani hai. Kwa Zanati, hiyo si ahadi ndogo. Mwaka jana mvunja makasha wake alimaliza kazi vizuri kabisa, akapigwa risasi ya kisogo.

SAA 6:25 MCHANA

Nagati alitoka na mkoba, akaingia garini. Gari halikuondoka. Waliochelewa walikuwa wametandika mikeka mbele, nyuma na ubavuni.

"Umeegesha ndani ya swala, shemeji?"

"Mistari imenizunguka. Tulia wamalize."

Imamu alikuwa na pumzi siku hiyo. Nagati akainama.

"Nikwambie kitu? Hizi diski peke yake ni takataka. Kila picha ina namba tu. Nani aliandika, mwaka gani, mtaa upi, vyote vimo kwenye faharasa. Nimeiandika mimi, miaka tisa. Leo nimeifuta kwenye mashine."

"Umefanya nini?"

"Nakala moja iko kwenye flashi, ndani ya soksi yangu. Nikifika Aswan nampigia Zanati. Akitaka hati, aniache hai. Usimwambie neno, nakuomba."

SAA 7:15 MCHANA

Zanati alizipokea diski, akazipima mkononi.

"Nagati, kaa. Osta, katoe gari."

Wagdi hakusogea. Alimwona bosi akijipapasa kiunoni, akaamini ni bastola.

"Usimwue! Ukimwua hutaipata hati!"

"Wagdi, nyamaza," Nagati akasema.

Hakunyamaza. Alisema yote: namba, faharasa, mashine, soksi. Alidhani anaokoa mtu.

"Kwa hiyo maktaba hawanayo?" Zanati akauliza taratibu.

"Hawana."

"Iko kwake tu?"

"Kwake tu. Hata bila flashi, nusu yake anaijua kwa kichwa."

Zanati akacheka mpaka akakohoa. "Punda wewe. Nilisema katoe gari kwa sababu limeziba mkokoteni wa mwenye duka. Huyu nilikuwa namrudisha kwa dada yake akale mlo wa mchana."

Akazitumbukiza diski kwenye pipa la siki. Zilizama.

"Nani kakwambia tajiri anataka kuisoma? Hati inasema nyumba arobaini za kichochoro kizima ni wakfu wa wanaokaa humo. Yeye anataka kuzibomoa. Mimi sikujua hata kuna kitu kinaitwa faharasa. Ningeondoka hapa nikijidai kazi imekwisha, kumbe kuna mtu anaweza kusimama mahakamani akataja mwaka, mashahidi, na jina la aliyeiandika."

"Sitasema," Nagati akasema. "Wallahi, Muallim, sitasema."

"Vua soksi."

Alivua. Vidole vyake vilikuwa vyeupe kama vya mtoto aliyetoka kuoga. Flashi nayo ikaingia pipani. Zanati akatoa bastola, safari hii kweli.

Nagati hakumtazama bosi. Alimtazama Wagdi.

"Nilikuomba kitu kimoja, shemeji."

"Osta," Zanati akasema, "katoe gari."

Wagdi alitoka. Mwenye duka alikuwa nje, ameshika mkokoteni, akilalamika. Wagdi akaketi, akatia ufunguo. Ndani risasi ikalia, kisha ya pili. Mwenye duka akaacha kulalamika.

Simu ilikuwa ikiita kifuani mwa Wagdi. Safaa. Aliiacha iite, akarudisha gari nyuma, mkokoteni ukapita.