Salamu Hula Mkanda

Jua lilikuwa linazama upande wa Mbulu wakati Vailet aliposimama kwenye duka la Mustapha, karibu na stendi ya Babati, akaomba betri nne ndogo.

“Siyo zile za kufia njiani,” alisisitiza.

Mustapha aliziweka juu ya kaunta, lakini hakuziachia. “Dada Vailet, leo unakwenda kumrekodi nani?”

“Simrekodi mtu. Narekodi ukimya.”

“Ukimya!” Mustapha aliangua kicheko. “Betri nne kwa ajili ya ukimya? Si ungeurekodi hapa hapa? Tangu adhuhuri sijaona mteja.”

Vailet alimweleza, kwa sababu hakuweza kuacha jambo bila kulieleza. Kila chumba kina ukimya wake. Mtengeneza filamu huuchukua dakika moja, akautandaza chini ya maneno ya watu pale anapokata na kuunga, ili sikio lisistuke.

“Na huo wa leo unautoa wapi?”

“Bonga. Kwa Mama Damasi.”

Kicheko kilimkauka Mustapha mdomoni. Akazisukuma betri. “Nenda kabla giza halijakukuta,” alisema taratibu. “Na ukifika, piga hodi.”

Watu wengi wa Babati waliijua nyumba ile, na waliijua kwa sababu ya Vailet. Mwaka 2006, akiwa na miaka ishirini na minne, shahada yake bado mbichi, alikuwa mwandishi wa kipindi cha udaku cha televisheni kilichoitwa *Jicho la Uchochoro*. Bosi wake, Konstantini, alikuwa na kanuni moja: salamu hula mkanda. Ukifika, ingia kamera ikiwa inarekodi. Ukimwamkia mtu atatulia, na mtu aliyetulia hauziki.

Ndivyo alivyoingia kwa Bibi Natalia, mama yake Damasi, mjane aliyekuwa na macho mekundu kwa miaka sitini ya kupikia kuni na kufukiza vibuyu vya maziwa. Hakupiga hodi. Hakuamkia. Alipitiliza hadi kwenye kihenge cha mahindi, akazamisha mkono, akaibuka na kifurushi cha kitambaa chekundu. Ndani kulikuwa na kucha na nywele. Nchi nzima ilikiona.

Ambacho nchi haikukiona ni Vailet akikifunga kifurushi kile ndani ya gari. Kwa kucha zake mwenyewe. Kwa nywele zake mwenyewe.

Baada ya hapo hakuna jirani aliyemruhusu bibi achukue moto kwake, wala achote maji wengine wakiwa kisimani. Alikufa peke yake, masika ya pili. Siku Vailet aliposikia, miaka miwili baadaye, aliacha kazi. Akanunua kamera yake, akaanza kutengeneza filamu kuhusu wanawake wanaozeeka na macho mekundu. Bila bosi, bila mfadhili, mwaka wa tatu sasa. Majirani walishazungumza mbele ya kamera. Damasi alishazungumza. Jambo moja tu lilibaki: nani aliweka kifurushi? Kwenye maandishi yake aliandika “mtu asiyejulikana”. Alikwisha kuifuta sentensi hiyo na kuirudisha mara kumi na moja.

Akiwa anapanda pikipiki, simu ilitetemeka. Konstantini, baada ya miaka yote ile: *Nasikia una filamu. Ukijitaja umenitaja na mimi. Fikiria vizuri.*

Aliitia simu mfukoni, akawasha pikipiki.

Damasi alimngoja mlangoni, mtu wa makamo mwenye mabega mapana, ufunguo mkononi. Kesho yake asubuhi nyumba ilikuwa ibomolewe. Tofali zake zilishapata mnunuzi.

“Shikamoo, baba.”

“Marahaba. Umechelewa.” Akampa ufunguo. “Mimi siingii humo saa hizi. Nitakaa hapa nje.” Kisha, bila kumtazama, aliongeza, “Unajua mama hakukutukana hata siku moja? Alikuwa anauliza tu: yule binti wa televisheni, kwao hawaamkii?”

Vailet alitia ufunguo kwenye kufuli. Alifungua mlango, akaingia.

Hakupiga hodi. Nyumba tupu unaipigiaje hodi?

Ndani kulikuwa na buibui, vumbi, na kile kihenge, kimeinama kama mtu aliyechoka. Mwanga wa mwisho ulipenya dirishani. Alisimamisha kinasa sauti katikati ya chumba, akabonyeza, akavaa visikizio, akabana pumzi.

Sekunde kumi. Ukimya.

Sekunde ishirini...

Harufu ikaja. Maziwa. Maziwa ya kwenye kibuyu kilichofukizwa moshi, mabichi, ya leo.

Hakuna aliyekaa humu kwa miaka mitano.

Sekunde arobaini. Hakusikia kitu. Lakini kwenye kioo kidogo cha kinasa sauti, vile vijiti vya kupimia sauti vilipanda... vikashuka... vikapanda tena.

Dakika ilitimia. Alirudisha nyuma, akasikiliza. Mvumo wa chumba. Pumzi yake. Kisha sauti ya kike, kavu, karibu kabisa na sikio.

“Marahaba.”

Vailet aling’oa visikizio. Mlango ulikuwa hatua nne kutoka pale. Alizipima kwa macho. Hatua nne, pikipiki, lami, taa za mjini.

Lakini miguu iligoma. Haikuwa hofu iliyoigomesha, maana hofu ilikuwa inaisukuma. Alikuwa ameshatoka mbio ndani ya nyumba hii mara moja, akikumbatia mkanda wake kama mwizi. Marahaba ni jibu. Hapa palikuwa na mtu aliyejibu salamu ambayo hakuwahi kupewa, aliyoisubiri miaka saba.

*Kama ni kunila, nile nikiwa nimeamkia,* aliwaza.

Akabonyeza kurekodi tena.

“Shikamoo, bibi,” alisema, kwa sauti. “Naitwa Vailet. Nilikuja na kamera mwaka 2006, nikaingia bila hodi. Kifurushi kilichotoka kwenye kihenge chako nilikiweka mimi. Kucha ni zangu. Nywele ni zangu. Hukuwa mchawi. Mimi ndiye niliyekuja kwako na uchawi.”

Hakuna kilichojibu. Vijiti vilibaki chini. Harufu ya maziwa iliondoka polepole, kama mtu anayebeba kibuyu kwenda chumba cha pili.

Alipogeuka, Damasi alikuwa amesimama kizingitini. Alikuwa amesikia yote.

Vailet aliona mikono ya Damasi, mikubwa, ikifunga ngumi na kufungua.

“Baba,” alinong’ona, “kuna mtu amekuamkia hapo nje?”

“Wamepita wachunga ng’ombe. Niliwaitikia.” Sauti yake ilikuwa nzito, ya kiume. Wala haikufanana na ile ya kwenye kinasa sauti. “Kesho sibomoi. Kesho utayarudia hayo mchana, nikiwa nimewaita majirani wote. Kisha utatoka Bonga kwa miguu yako, usirudi.”

“Nitayarudia.”

Aliyarudia. Wapo waliomtemea mate, na kamera yake mwenyewe ilirekodi. Usiku huo alimjibu Konstantini neno moja: *Nimefikiri.*

Filamu ilionyeshwa Babati mwishoni mwa mwaka, katika ukumbi uliojaa hadi milangoni. Dakika ile ya ukimya aliiweka yote, kioo kikiwa cheusi. Alikuwa ameisikiliza mara nyingi mezani kwake. Ile “marahaba” haikuwepo tena. Palikuwa na mvumo wa chumba na pumzi yake tu. Alishaanza kuamini kwamba ni woga uliomsikizisha.

Kioo kikazima. Sekunde kumi. Ishirini...

Harufu ya maziwa.

Kisha, karibu na mlango, msichana mmoja akasema taratibu, kama mtu anayempisha mzee njiani:

“Shikamoo.”

Safu iliyofuata ikaamkia. Na iliyofuata. Sauti za vijana, za wakubwa, zikija gizani safu kwa safu kuelekea mbele alikokaa Vailet.

Hakugeuka. Shingo aliisimamisha.

“Shikamoo, bibi,” alisema.

Akasogea kidogo kwenye benchi, akaacha nafasi.